Daftari la Makosa katika Usambara

Elimu ya uhalifu ni changa katika nchi zetu, lakini uhalifu wenyewe si mchanga, wala fikira za watu juu yake hazikuanza jana. Mwanafunzi anayeingia katika elimu hii aghalabu hukabidhiwa vitu viwili: vitabu vya wataalamu wa Ulaya na Marekani, na hesabu za makosa zilizokusanywa na polisi na mahakama. Vitabu humfundisha kuuliza kwa nini watu huvunja sheria. Hesabu humwonyesha ni wangapi walioivunja. Vyote viwili vina faida. Lakini baina yake pana swali la tatu ambalo mara nyingi hurukwa, nalo ni hili: sheria iliyovunjwa ilikuwa ya nani, na daftari lililoandika kuvunjwa kwake lilikuwa la nani? Asiyeuliza swali hilo aweza kuhesabu kwa uangalifu mkubwa, akafika kwenye hukumu isiyo kweli juu ya watu ambao hawapo tena kujitetea.

Nia ya insha hii ni kuonyesha kwamba swali hilo si pambo la elimu, bali ni mlango wake. Njia nitakayoifuata ni ya historia, na mahali nilipopachagua ni milima ya Usambara. Sababu za kuichagua ni mbili. Ya kwanza ni kwamba katika muda usiozidi maisha ya mtu mmoja aliyejaliwa umri, milima hiyo ilitawaliwa na dola nne zenye sheria nne: ufalme wa Wakilindi, serikali ya Wajerumani, serikali ya Waingereza, na hatimaye taifa huru. Ya pili ni kwamba katika mji wa Lushoto kipo Chuo cha Uongozi wa Mahakama, kilichoanzishwa kwa sheria ya mwaka 1998, ambako vijana hufundishwa kazi za mahakama. Wanafunzi hao wanasoma juu ya ardhi ambayo yenyewe ni kitabu cha somo lao.

Na tuanze na mwanzo wa ufalme. Masimulizi ya Wasambaa husema kwamba mwanzilishi wa ukoo wa Wakilindi alikuwa Mbegha, mwindaji kutoka Ngulu. Mbegha alikuwa kigego, yaani mtoto aliyeota meno ya juu kwanza, na kwa desturi ya siku zile kigego alihesabiwa kuwa mkosi kwa jamaa zake. Ndugu zake walimnyima urithi, wakamdhania uchawi, akaondoka kwao akaishi porini na mbwa wake. Alipofika Usambara aliwaua nguruwe waliokuwa wakiharibu mashamba, akawagawia watu nyama, akaua simba, na watu wakamtaka awaamulie mashauri yao. Mji wake mkuu ukawa Vuga, na mfalme wa Vuga akaitwa Simba Mwene. Wanahistoria hukisia kwamba mambo hayo yalitokea katika nusu ya kwanza ya karne ya 18.

Mwanafunzi wa uhalifu asiyapite masimulizi hayo kama hadithi ya watoto. Ndani yake mna jambo ambalo vitabu vikubwa hulieleza kwa maneno mengi. Mtu yule yule aliyekuwa wa kufukuzwa katika nchi moja alikuwa mwamuzi katika nchi ya pili. Tabia yake haikubadilika alipovuka mpaka. Waliobadilika ni watu waliomtazama. Kwa hiyo hata kabla hatujafungua daftari lolote la mahakama, Usambara inatuambia kwamba jina la mhalifu hutolewa na watu, na kwamba yatupasa kuwajua wanaolitoa kama tunavyotaka kumjua anayepewa.

Katika ufalme huo mashauri madogo yaliamuliwa na wazee na Mazumbe wa mahali, na mashauri makubwa yalipelekwa Vuga. Faini zililipwa kwa mifugo. Haki ya kuua ilikuwa ya mfalme. Lakini tusidhani kwamba mfalme alikuwa hakimu tu. Wasambaa walikuwa na maneno mawili ya kupimia utawala: kuzifya shi, yaani kuiponya nchi, na kubana shi, yaani kuiharibu. Mfalme mwenye nguvu zilizotulia alileta mvua na chakula. Wakuu waliposhindana, nguvu kwa nguvu, nchi iliharibika na njaa ikaingia. Basi kosa kubwa kuliko yote katika fikira hizo halikuwa kuiba mbuzi wala kupigana pombeni. Lilikuwa ni tendo lolote lililoiharibu nchi, na hata mfalme mwenyewe aliweza kushukiwa kwalo.

Tumeyajuaje hayo? Hapa lazima mwanafunzi asimame na kuyapima mashahidi yake. Mmisionari Johann Ludwig Krapf alifika kwa Mfalme Kimweri ye Nyumbai mwaka 1848 na tena mwaka 1852, akaandika aliyoyaona. Ushahidi wake ni wa thamani, kwa sababu aliuona ufalme kabla ya kifo cha Kimweri mwaka 1862 na kabla ya vita vilivyofuata. Lakini Krapf alikuwa mgeni wa mfalme, na alikuwa akiomba ruhusa ya kuanzisha misheni. Aliiona nchi akiwa amesimama mlangoni pa mwenye nchi.

Shahidi wa pili ni Abdallah bin Hemedi bin Ali Ajjemy, mwandishi wa Habari za Wakilindi, kitabu kilichochapwa kwa mafungu kuanzia mwisho wa karne ya 19 hadi mwaka 1907, na kuchapwa tena Nairobi mwaka 1962. Huyu aliijua Usambara kwa ndani kuliko Krapf, na Kiswahili chake ni hazina. Lakini aliishi karibu na Wakilindi, na hasa upande wa Semboja, mtawala wa Mazinde. Waswahili husema mwamba ngoma huvutia kwake. Methali hiyo haimtukani mwamba ngoma. Inatuambia tu tuangalie ngozi imevutwa upande gani.

Shahidi wa tatu ni wazee wenyewe. Katika miaka ya 1960 mwanahistoria Mmarekani, Steven Feierman, alikaa Usambara, akajifunza Kisambaa, akakusanya masimulizi ya koo nyingi katika sehemu mbalimbali za milima. Kitabu chake juu ya ufalme wa Wasambaa kilitoka mwaka 1974, na kingine juu ya wakulima na fikira zao mwaka 1990. Alilolitenda ni jepesi kulieleza na zito kulifanya. Hakuridhika na masimulizi ya Vuga peke yake. Aliyalinganisha na ya koo zilizotawaliwa, na pale yalipogongana hakukimbilia kusema kwamba mmoja amesema uongo. Aliuliza kila mmoja alikuwa na haja gani ya kusimulia hivyo. Mwanafunzi wa uhalifu anayesoma maelezo ya mshtaki na ya mshtakiwa atakuta kwamba kazi yake na ya mwanahistoria ni moja.

Sasa tuje mwaka 1895. Wajerumani walikuwa wamekwisha shika pwani na njia za misafara, na mkono wao ulikuwa umepanda milimani. Mtawala wa Vuga wakati huo alikuwa Mputa. Alimwua mtu kwa ajili ya kuzini na mmoja wa wake zake. Kwa sheria ya Vuga, aliyeua alikuwa ndiye mwenye haki ya kuua. Kwa sheria ya Wajerumani, aliyeua alikuwa mwuaji, na Mputa alinyongwa mwaka ule ule. Kinyashi akawekwa mahali pake.

Tuseme mwanafunzi amekuta habari hiyo katika jalada la serikali, imeandikwa kwa mstari mmoja: jina, kosa la kuua, adhabu ya kifo. Akiuhesabu mstari huo pamoja na mauaji mengine, atakuwa amehesabu sawa, na hatakuwa ameelewa kitu. Kilichotokea hakikuwa mauaji ya mtu mmoja tu, bali ni dola moja kuipokonya nyingine haki ya kuhukumu. Kinyume chake, mwanafunzi akikimbilia kusema kwamba Mputa hakuwa na hatia kwa sababu desturi ilimruhusu, naye pia amekosea njia. Amemsahau aliyeuawa, ambaye katika mstari ule hana hata jina, na amesahau kwamba desturi ya Wakilindi ilikuwa sheria ya watawala juu ya watawaliwa. Uchunguzi wa kweli huwaweka watu wote watatu mbele ya macho kwa wakati mmoja: aliyeuawa, aliyeua, na aliyenyonga.

Baada ya hapo daftari likaanza kunenepa. Amri ya Kansela wa Ujerumani ya tarehe 22 Aprili 1896 ilipanga adhabu ambazo wakuu wa wilaya waliweza kuwapa Waafrika: viboko visivyozidi 25 kwa mara moja, faini, kifungo cha kazi ngumu, mnyororo, na kifo kwa kibali cha juu. Mkuu wa wilaya ndiye aliyekuwa mtawala, mwenye kukamata, na mwenye kuhukumu. Taarifa za kila mwaka za serikali hiyo zilitoa hesabu za adhabu kwa mpango mzuri, na mtafiti wa leo akiziona atavutwa na unadhifu wake. Asisahau kwamba unadhifu wa karatasi si unadhifu wa haki.

Tena makosa mapya yalizaliwa ambayo baba zao Wasambaa hawakuyajua. Misitu ya milimani ilitengwa kuwa ya serikali, na mtu aliyeingia na shoka mahali ambapo babu yake aliingia na shoka akawa mkosaji. Walowezi walipanda kahawa na mazao mengine, wakataka wafanya kazi. Mwaka 1907 wilaya ya Wilhelmstal, ambayo ndiyo Lushoto ya leo, ilianzisha utaratibu wa kadi: kila mwanamume Msambaa alitakiwa kumfanyia Mzungu kazi siku 30 katika kila miezi 4, kwa ujira uliopangwa, na asiyefanya hivyo aliweza kutiwa katika kazi za serikali. Mtu aliyekaa nyumbani kwake akalima shamba lake, pasipo kumgusa jirani wala mali ya jirani, alikuwa amekwisha vunja amri. Ikiwa katika miaka hiyo makosa yaliongezeka Usambara, je, tuseme Wasambaa waliharibika tabia? Au tuseme walowezi walihitaji mikono?

Waingereza walipoichukua nchi baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, walikuja na namna nyingine. Walitaka kutawala kwa kupitia wakuu wa wenyeji. Sheria ya mwaka 1926 iliwapa Mazumbe uwezo wa kutoa amri, na sheria ya mwaka 1929 iliziweka mahakama zao katika mpango. Kwa mashauri makubwa ilikuwapo Kanuni ya Adhabu ya mwaka 1930, iliyoshika mahali pa ile iliyotoka Bara Hindi. Hivyo katika mlima mmoja palikuwa na milango miwili ya haki, na tendo moja liliweza kuingia kwa mlango huu au ule. Mtafiti anayesoma madaftari ya mlango mmoja tu amesoma nusu ya habari.

Hapa ndipo pana mfano ulio bora kuliko yote kwa elimu yetu, nao ni mfano wa matuta. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia wataalamu wa serikali waliona, na kuona kwao hakukuwa bure, kwamba udongo wa miteremko ulikuwa ukichukuliwa na mvua. Mwaka 1946 mpango wa kuhifadhi ardhi ulianza Mlalo, na baadaye ukaenezwa katika sehemu nyingine za Usambara. Watu waliamriwa kutengeneza matuta yenye kuzuia maji katika mashamba yao. Kazi ilikuwa nzito, na sehemu kubwa ya mzigo iliwaangukia wanawake, kwa kuwa ndio waliolima chakula. Mavuno hayakuonekana kuwa kama jasho lililotoka. Juu ya hayo, katika nchi ambayo walowezi walikwisha chukua ardhi, watu walihofu kwamba ardhi iliyotengenezwa kwa amri ya serikali ingeishia mikononi mwa serikali.

Asiyetengeneza matuta alishtakiwa kwa kutotii amri halali. Mahakama za Mazumbe zikapokea mashauri hayo, na watu wakatozwa faini au wakafungwa. Chama cha TANU, kilichoanzishwa mwaka 1954, kilipata wafuasi wengi katika malalamiko hayo, na kabla mwongo ule haujamalizika sheria ya matuta ilikuwa imekufa.

Sasa mwanafunzi ajiulize. Tuseme anachora mstari wa makosa katika wilaya ya Lushoto kutoka mwaka 1945 hadi 1960. Mahali mpango ulipokazwa mstari utapanda. Mahali ulipolegezwa utashuka. Mtu asiyejua habari ya matuta ataandika kwamba palikuwa na wimbi la uhalifu lililopanda likashuka, na huenda akatafuta sababu yake katika pombe, au katika ujana, au katika kuvunjika kwa desturi. Yote hayo atayaandika kwa kalamu safi na kwa jedwali zuri. Na wakulima walioacha jembe chini kwa kukataa amri watabaki katika elimu yetu kama wahalifu wa wimbi lile, milele.

Wala si idadi tu inayopotea. Fikira pia hupotea. Kwa maofisa, matuta yalikuwa dawa ya ardhi. Kwa Wasambaa wengi, swali lilikuwa lile lile la Vuga: je, nchi inaponywa au inaharibiwa? Walipomwona Zumbe akisimamia amri ya wageni dhidi ya watu wake, walikuwa na neno la kulitaja jambo hilo, lakini neno hilo halikuwamo katika orodha ya makosa. Hakuna kifungu cha Kanuni ya Adhabu kisemacho kubana shi. Kwa hiyo karani hakuwa na mahali pa kuliandika, akaandika alichokuwa na mahali pake: hakutii amri. Daftari halikusema uongo. Lilisema kile ambacho safu zake ziliruhusu kusemwa.

Baada ya uhuru, machifu waliondolewa mamlaka ya serikali mwaka 1963, na sheria ya mwaka huo huo ikaziunganisha mahakama katika mfumo mmoja, na Mahakama za Mwanzo chini yake zikawa karibu na wananchi. Hilo lilikuwa jambo kubwa, kwa sababu mlango wa haki ukawa mmoja kwa kila raia. Lakini ugumu mmoja wa utafiti haukuondoka, nao ni lugha. Mzee wa Mlola au wa Bumbuli huwaza kwa Kisambaa. Mahakama ya Mwanzo husikiliza na kuandika kwa Kiswahili. Shauri lilipokatiwa rufani likapanda juu, kwa miaka mingi liliandikwa kwa Kiingereza, mpaka marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 yalipokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama. Basi jalada la rufani la miaka iliyopita laweza kuwa na maneno ya shahidi yaliyopita katika vinywa vitatu. Mtafiti akinukuu neno kutoka jalada hilo na kusema, "Hivi ndivyo alivyosema," anadai zaidi ya anachojua. Aseme, "Hivi ndivyo alivyoandikwa," kisha akatafute mwenendo wa shauri katika mahakama ya chini, na ikiwezekana mtu ajuaye Kisambaa amweleze neno la asili lilikuwa lipi.

Ugumu mwingine ni wa mashauri yasiyofika mahakamani kabisa. Tangu miaka ya 1830 mtakwimu wa Ubelgiji, Adolphe Quetelet, alikwisha onya kwamba makosa yanayojulikana ni sehemu tu ya makosa yote, na kwamba sehemu nyingine haijulikani ukubwa wake. Katika Usambara sehemu hiyo ya pili si giza tupu; ina watu na vikao vyake. Mashauri mengi ya mipaka ya mashamba, ya wizi mdogo, na ya ugomvi wa nyumbani huishia kwa wazee wa ukoo, au msikitini na kanisani, au katika baraza la kijiji. Mtu aliyelipishwa mbuzi na wazee hayumo katika daftari lolote la serikali. Kwa hiyo kijiji chenye mashauri machache mahakamani chaweza kuwa kijiji chenye amani, au kijiji chenye wazee hodari, au kijiji kilicho mbali na barabara. Hesabu peke yake haitakuambia ni kipi katika hivyo vitatu.

Wako waliotutangulia katika kazi hii hapa Afrika ya Mashariki, na mwanafunzi atafaidika kwa kuwasoma. Mwaka 1960 Paul Bohannan alihariri kitabu juu ya mauaji na kujiua katika Afrika, ambamo zimo sura za Wasoga, Wagisu, Waluhya na Wajaluo. Lloyd Fallers, katika kitabu chake cha mwaka 1969, aliyasoma majalada ya mahakama za Busoga kwa kutafuta fikira za kisheria zilizofichwa ndani ya maswali ambayo mahakimu waliwauliza mashahidi. Marshall Clinard na Daniel Abbott, waliotoa kitabu chao mwaka 1973, hawakuzitegemea karatasi za polisi wa Kampala peke yake. Walikwenda kuwauliza wakazi wa mitaa ya Kisenyi na Namuwongo, ili wajue kwa nini mitaa miwili yenye umaskini haikulingana kwa uhalifu. Na karibu zaidi nasi, Sally Falk Moore mwaka 1986 aliifuata sheria ya desturi ya Wachagga katika muda wa miaka 100, akaonyesha kwamba kile kinachoitwa desturi ya kale kilikuwa kikibadilika wakati wote pamoja na kahawa, ardhi na serikali. Kila mmoja wao alikuwa na njia yake, lakini wote walikataa kuichukua karatasi kama kioo cha maisha.

Kutokana na historia hii twaweza kutoa maswali manne, ambayo mwanafunzi ayaandike mbele ya daftari lake kabla hajaanza kuhesabu. Kwanza, ni sheria gani iliyolifanya tendo hili kuwa kosa, na ilianza na kukoma mwaka gani? Pili, nani aliyeandika, na alimwandikia nani? Tatu, maneno haya yamepita katika lugha ngapi? Nne, ni mashauri gani ya namna hii hayakufika hapa, na yaliishia wapi? Maswali hayo hayazuii kuhesabu. Yanatuambia tunahesabu nini.

Baada ya maswali huja kazi ya mikono. Waswahili wamesema, mali bila daftari hupotea bila habari, na elimu ni mali. Kila jambo unaloliandika kutoka katika jalada liwe na namba ya jalada, ukurasa na tarehe, papo hapo, wala si jioni kwa kukumbuka. Maneno ya jalada yaandike upande mmoja wa karatasi na mawazo yako upande mwingine, ili baada ya miezi sita usije ukayanukuu mawazo yako ukidhani ni maneno ya hakimu. Anza na sheria kabla ya kesi, na uisome sheria kama ilivyokuwa mwaka wa kesi, si kama ilivyo leo. Usichague kesi za ajabu tu. Kesi za ajabu husomeka vizuri, lakini maisha ya mahakama yamo katika zile zinazofanana. Mwenye kuchukua kila kesi ya kumi kwa utaratibu atapata picha iliyo ya haki kuliko mwenye kuchukua zilizomvutia.

Tena enenda mahali penyewe. Shauri la mpaka wa shamba haliwezi kueleweka kwa mtu asiyejua jinsi shamba la Usambara lilivyo: vipande vidogo vilivyotawanyika, kimoja bondeni na kingine juu ya mgongo wa mlima, kila kimoja kikiwa na historia ya kurithiwa au ya kuazimwa. Keti mahakamani siku nyingi bila ya kuandika neno, ujue kwanza nani huketi wapi na nani hunyamaza. Unapokwenda kwa wazee, nenda kwa adabu ya mahali, kwa ruhusa ya serikali ya kijiji na ya mamlaka za utafiti, wala usiulize swali moja kwa mzee mmoja ukalifanya jibu la kabila zima. Waulize wanawake pia, peke yao. Tumekwisha ona ni nani aliyebeba mzigo wa matuta na ni sauti za nani zilizoandikwa kidogo.

Na majina yafiche. Hukumu ikiisha, adhabu yake huisha. Lakini jina likichapwa katika tasnifu halina siku ya kutoka gerezani. Milima hii ina koo zinazojuana, na mjukuu wa mtu aliyefungwa miaka 60 iliyopita yuko sokoni leo. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inatudai uangalifu, lakini hata kama isingekuwapo, ubinadamu ungetudai.

Yapo maneno ya mwisho kwa wale wanafunzi wa Lushoto. Wengi wao hawatakuwa wataalamu wa kuandika vitabu. Watakuwa makarani na mahakimu katika wilaya zilizo mbali, na kila siku watajaza safu za daftari: jina, umri, kosa, adhabu. Kwa hiyo kwao somo hili lina uzito zaidi kuliko kwa mtafiti. Mtafiti husoma daftari. Wao ndio waliandikao. Karani wa mwaka 1955 aliyeandika kwamba mtu fulani hakutii amri, asiongeze neno juu ya sababu aliyoitoa, alitumia dakika moja kidogo kuliko ambazo angetumia kwa kuandika kwa ukamilifu. Dakika hiyo moja imewagharimu wanahistoria miaka, na imewagharimu wale waliohukumiwa nafasi yao ya kusikilizwa na sisi. Anayeshika kalamu ya mahakama leo ashike pia wazo hili: shahidi anaposema neno ambalo safu haina mahali pake, neno hilo liandikwe pembeni. Siku moja atakuja mtu kulitafuta.